Bastola Juu ya Kanga

Kila Jumamosi ya mwisho wa mwezi, baada ya sala ya alasiri, mjomba wangu alifunga mlango wa chumba cha uani, akafungua dirisha lote, akatandika mezani kanga kuukuu iliyofifia hadi jina lake halisomeki. Juu ya kanga alipanga vipande vya merikani alivyovikata mwenyewe kwa mkasi, vidogo kama stempu, ufito wa shaba, brashi nyembamba, mswaki uliostaafu, na chupa ya mafuta isiyozidi ile ya manukato. Chini ya meza ilikaa ndoo iliyojaa mchanga. Simu aliiacha sebuleni. Ukimwita hakuitika, na watoto wa nyumba ile walijua kwamba saa ile uani hapachezwi.

Mjomba alikuwa fundi wa silaha jeshini. Miaka yake mingi ilipita ghalani, kati ya rafu na meza ya kazi, na aliporudi Tanga na pensheni yake alirudi pia na mikono iliyozoea vyuma vidogo. Alitengeneza cherehani za mtaa mzima, saa za ukutani, majiko ya mafuta ya taa. Lakini kazi aliyoifanya kwa adabu kuliko zote ilikuwa hii ya kufungua na kusafisha bastola moja, ya kwake, aliyoimiliki kwa kibali. Nilipomaliza kidato cha sita nilimwomba anikaribishe nitazame. Alikubali kwa sharti kwamba nikae ubavuni pake, si mbele yake, na mikono yangu ikae mapajani. "Kibali kina jina langu, mjomba," aliniambia, maana kwetu mjomba na mpwa huitana hivyo hivyo. "Hakina lako." Kwa hiyo ninayoisifu hapa ni kazi niliyoitazama kwa miaka 11 bila kuigusa.

Bastola yenyewe ilikuwa Walther PPK ya milimita 7.65, fupi kuliko kiganja chake kilichonyooshwa. Aliinunua kwa meneja wa shamba la mkonge aliyekuwa akirudi kwao Ulaya. Ukoo wake unaanzia Zella-Mehlis, mji mdogo katika milima ya Thuringia, Ujerumani, ambako kampuni ya Walther ilianza kazi mwaka 1886. Mwaka 1929 kampuni hiyo ilitoa bastola ya polisi iliyoitwa PP, na muda mfupi baadaye ikatoa mdogo wake, PPK, kwa ajili ya askari kanzu waliohitaji silaha isiyotuna chini ya koti. Baada ya Vita Kuu ya Pili Zella-Mehlis iliangukia upande wa Warusi. Fritz Walther wa kampuni hiyo akahamia magharibi, akaanza upya katika mji wa Ulm, na kwa miaka kadhaa bastola hizi zikatengenezwa Ufaransa na kampuni ya Manurhin kwa ruhusa yake. Watu wengi wanaifahamu kwa sababu ya James Bond. Mjomba hakuwahi kumtaja James Bond. Alichokipenda yeye ni namna inavyofunguka, na hapo nitafika.

Kwanza kulikuwa na ukaguzi. Mdomo wa bastola uliielekea ndoo ya mchanga, kidole cha shahada kimenyooka ubavuni, mbali na triga. Alibonyeza kitufe, akaitoa magazini. Hapo tu ndipo alipovuta nyuma slaidi, lile bamba la juu linaloteleza. Mpangilio huo haupinduliwi. Ukianza na slaidi, risasi iliyokuwa chemba itaruka nje mbele ya macho yako, utaiokota, utaridhika, na slaidi inaporudi mbele, magazini ambayo bado imo itakuwa imeshaingiza nyingine. Mkononi una ushahidi wa risasi iliyotoka, na ushahidi huo ndio unaokudanganya. Mjomba aliwahi kumshuhudia kijana akifanya hivyo, katika kambi ambayo hakupenda kuitaja. Risasi ilipita darini, haikumgusa mtu. Kijana alilia, na alipoulizwa, alisema jambo moja tu: kwamba alikuwa na hakika.

PPK nyingi zina kijisumari kinachochomoza juu ya nyundo iwapo kuna risasi chemba, ili hata gizani mwenye nayo aijue kwa kupapasa na kidole gumba. Ni ubunifu wa akili nyingi. Mjomba alikigusa kila mara, kwa heshima, kisha akaendelea kana kwamba hakikumwambia kitu. Risasi zikiwemo kwenye magazini, alizitoa moja moja, akazihesabu, akaziweka kwenye bati la biskuti, akalipeleka bati chumba kingine na kurudi. Magazini tupu aliirudisha ndani, akavuta slaidi. Ikakwama nyuma, kwa sababu magazini ikiwa tupu huinua kizuizi cha slaidi. Akaitoa tena. Sasa chemba ilikuwa wazi kama mlango uliowekewa gogo.

Aliitazama. Akaingiza ncha ya kidole chake cha mwisho, akapapasa. Kisha akainua macho, akaangalia dirishani, mwembe wa jirani, anga, akakaa hivyo kwa pumzi tatu au nne. Halafu akarudi na kutazama upya, kama mtu aliyeingia chumbani sasa hivi na kukuta bastola ya mgeni mezani.

Nilimuuliza sababu ya kuangalia mwembe. Alisema jicho huona lilichotumwa. Ukilituma kuona tupu, litaona tupu. Inabidi ulipumzishe, lisahau, kisha ulitume likatafute risasi. Utafute kwa bidii zote kitu ambacho unaomba usikipate.

Nimeifikiria kauli hiyo kuliko karibu kila nilichosomeshwa shuleni. Seremala mwisho wa siku anaonyesha kiti, mfinyanzi anaonyesha chungu. Mjomba alitengeneza utupu, na utupu hauna saini ya fundi wala hakuna jirani atakayekuja kuustaajabia. Mmarekani Jeff Cooper, afisa wa zamani wa wanamaji aliyeanzisha shule ya kulenga shabaha huko Arizona mwaka 1976, aliiweka kanuni ya kuihesabu kila silaha kuwa imejaa mbele ya kanuni zake zote. Mjomba hakuwa amemsoma. Alifika palepale kwa njia ya ghala, kwa kupokea silaha alfajiri na kuzirudisha jioni, kila moja ikikabidhiwa na mtu aliyeapa kuwa ni tupu.

Sasa kule kufunguka. Alivuta slaidi nyuma kidogo, akaiachia irudi mbele taratibu. Kwenye PPK ule upinde wa chuma unaozunguka triga ndio ufunguo. Unavutwa chini upande wa mbele, unasukumwa kidogo ubavuni ili usirudi, na papo hapo slaidi inapata nafasi ya kwenda nyuma kupita kikomo chake cha kawaida. Inainuliwa kwa nyuma, kisha inaachiwa isogee mbele polepole, ikisukumwa na springi, hadi inavuka mdomo wa mtutu. Hakuna bisibisi, hakuna nyundo, hakuna pini ya kupoteza. Makarov ya Warusi, iliyopokelewa na jeshi lao mwaka 1951, hufunguka vivyo hivyo, na mkono uliojifunza moja unaijua nyingine. Kuna bastola za kisasa, Glock ikiwa mojawapo, ambazo haziwezi kufunguliwa mpaka kwanza uvute triga. Ni bastola nzuri, lakini zimebeba hatari ndani ya usafi wenyewe, kwa yule aliyeruka hatua ya chemba. Waliobuni PPK walitaka uishike sehemu inayolinda triga, na ukiwa umeishika hiyo, triga inabaki peke yake. Mimi naona hapo pana wema wa mtu aliyekaa mbele ya karatasi na kumfikiria fundi asiyemjua.

Ikifunguliwa, bastola inakuwa mafungu machache tu juu ya kanga: slaidi, springi, magazini, na mwili wenye mtutu. Mtutu wa PPK umeshikamana na mwili, hautoki. Kwa hiyo mara nyingi ufito hupitia mdomoni, na hapo Mjomba alipunguza mwendo. Mdomo wa mtutu ndio unaoigusa risasi mara ya mwisho; ukiukwaruza kwa ufito uliopinda, risasi itatoka na kasoro ambayo hakuna mlengaji atakayeirekebisha. Aliuzungushia kidole gumba na cha shahada kama anayemziba mtoto macho, ufito ukapita katikati bila kugusa ukingo.

Kipande cha kwanza cha merikani kilitoka cheusi. Ni masizi ya baruti pamoja na risasi yenyewe kwa maana ya madini, ambayo pia yamo katika fataki inayowasha baruti. Ndiyo maana dirisha lilifunguliwa, hakukuwa na kikombe cha chai mezani, na mwisho wa kazi alinawa kwa sabuni hadi viwiko. Cha pili kilitoka kijivu. Ukitumia dawa yenye amonia, wakati mwingine kitambaa hutoka na rangi ya kijani inayoelekea buluu: hiyo ni shaba iliyojipaka ndani ya mtutu. Cha tano, cha sita, kikatoka kama kilivyoingia. Lakini kulikuwa na miezi ambayo bastola haikuwa imefyatuliwa hata mara moja, na bado aliisafisha, kwa kuwa alikuwa na adui mwingine. Tanga hewa ina chumvi. Chuma kilichofutwa kwa kitambaa kikavu leo, ukikiacha na alama ya kidole chenye jasho, baada ya muda mfupi alama ile itasomeka kwa kutu, mistari yake yote.

Alinisimulia kwamba zamani mambo yalikuwa mabaya zaidi. Fataki za kizazi cha kale zilitumia kloreti, na kila mlio uliacha ndani ya mtutu chumvi inayofanana na ya jikoni, inayovuta unyevu. Mafuta pekee hayakuiondoa. Mafundi walimwaga maji ya moto, wakakausha upesi, ndipo wakapaka mafuta. Hata baada ya risasi za kisasa kuenea, aliendelea kuwa na birika karibu kila alipokuta ganda la asili asiyoijua.

Mafuta yenyewe aliyatumia kwa ubahili. Tone moja kwenye reli kila upande, ukungu tu ndani ya mtutu, kisha kitambaa kikavu. Mafuta mengi hushika vumbi, na bastola ya mfukoni inaishi na nyuzi za nguo.

Najua kuna msomaji anayejiuliza kwa nini nisifie chombo kilichotengenezwa kumwumiza binadamu. Ni swali la haki na mimi mwenyewe nimekaa nalo. Nimeona pia nyumba ambayo bastola haikufunguliwa kwa miaka, imelala chini ya godoro ndani ya mfuko wa plastiki, hakuna anayekumbuka kama ina risasi, na mtoto wa miaka sita analala juu yake. Ubaya wa chuma ni uleule katika nyumba zote mbili. Tofauti ni kwamba katika moja kuna mtu anayeutazama usoni kila mwezi, anauvunja vipande, anaujua uzito wake, hajauzoea. Nilichokiona kwa Mjomba hakikuwa mapenzi ya silaha. Saa ile, slaidi ikiwa huku na springi kule, ndiyo saa pekee ambayo bastola haikuwa bastola, na uso wake ulikuwa umetulia hivyo saa ile tu.

Kuirudisha kulichukua dakika mbili. Springi ya PPK ina ncha mbili zisizolingana, moja imebana kuliko nyingine, na iliyobana ndiyo inayotangulia kuvishwa mtutu. Slaidi ikarudi kwa njia iliyotokea, ule upinde ukapanda mahali pake kwa mlio mdogo. Akavuta slaidi mara mbili, akasikiliza. Bastola ikaingia kwenye sanduku la chuma lililofungiwa ukutani, risasi kwenye kabati la pili lenye ufunguo wa pili, na kanga ikakunjwa pande nne.

Mjomba alifariki mwaka wa 11 wa kumtazama kwangu, mwezi mmoja baada ya Jumamosi yake ya mwisho. Kibali cha mtu hakirithiwi kama shamba, kwa hiyo siku ya tatu baada ya mazishi tuliwaita polisi. Walikuja wawili, mwanamke na mwanamume, wakatupa pole, wakaketi. Nilifungua sanduku, nikasogea pembeni, nikawaambia kwamba ni tupu, kwamba marehemu hakuwahi kuihifadhi na risasi hata siku moja. Afande yule mwanamke aliitikia kwa adabu, akaichukua, akaielekeza kwenye ndoo ya mchanga, akatoa magazini, akavuta slaidi, akatazama, akaingiza ncha ya kidole chake cha mwisho. Kisha akampa mwenzake, naye akaanza upya.