Kilio Kisichosikika katika Pather Panchali

Wapo wenzetu wanaodai eti muziki wa filamu ni pambo tu, hauna uhusiano na maudhui. Siafiki. Tuchukue Pather Panchali (1955), filamu ya Satyajit Ray wa India, iliyotengenezwa kwa shida kubwa ya fedha. Ravi Shankar aliirekodia muziki kwa mkupuo mmoja wa muda wa saa 11 hivi, usiku kucha.

Baba anarejea nyumbani na sari ya bintiye Durga, hajui kwamba mtoto ameshafariki. Mama anaangua kilio. Lakini hatumsikii! Badala yake inalia tar shehnai, ala ya nyuzi ipigwayo kwa upinde.

Je, huku si kumpokonya mama sauti yake? Mwanzoni niliona hivyo. Sasa naona vingine: kilio chake kingebaki cha mama mmoja wa kijijini Bengal, kile cha ala ni cha kila mfiwa, hata sisi tusiojua Kibengali. Hapo muziki ndio maudhui yenyewe.

Basi jamani, tunapohakiki filamu tusikodoe macho tu. Tutege na masikio.