Herufi Mbele ya Jina

Wasifu wa Mwingereza aliyecheza kriketi kisha akatawala makoloni huwa na sentensi moja, na ukiijua hiyo umezijua zote: alizaliwa katika nyumba ya heshima, akasoma Eton, akacheza kriketi ya ridhaa, akaenda kutawala. Hapa Magogoni, Kisauni, mjini Mombasa, nimeisoma sentensi hii katika sura nyingi, na kila mara kidole changu husimama kwenye silabi moja: -ka-.

Kiambishi hiki ndicho uti wa mgongo wa hadithi zetu. Hupanga matukio kama shanga uzini, moja nyuma ya jingine, wala hakilazimiki kusema kwa nini. Akacheza, akatawala. Msomaji huvushwa kama abiria wa feri ya Likoni: amesimama tu, na ng'ambo imemfikia. Maji aliyoyavuka hakuyatazama. Uhakiki huu unayatazama hayo maji.

Nimemchagua George Robert Canning Harris, Lord Harris wa nne. Hakutawala Mombasa, alikuwa Gavana wa Bombay kuanzia 1890 hadi 1895. Lakini Bombay ni jirani yetu wa bahari. Rupia yao ilitumika sokoni kwetu, Sheria ya Adhabu ya India ilihukumu watu wetu hadi 1930, na vibarua wa reli iliyoanza kujengwa Mombasa mwaka 1896 waliletwa kutoka huko India. Namna ya kutawala iliyozoeleka kule haikukawia kutufikia huku.

Maisha yake yanaingia katika ile sentensi bila kubakiza kitu. Alizaliwa Trinidad mwaka 1851, baba yake akiwa gavana wa kisiwa hicho. Alisoma Eton na Oxford, akawa nahodha wa Kent, akawa nahodha wa Uingereza. Mwaka 1921 alitoa kumbukumbu zake kwa jina *A Few Short Runs*, yaani mikimbio michache mifupi. Jina hilo lina unyenyekevu uliopimwa. Katika kriketi, mkimbio mfupi ni ule ambao mpigaji hakufikisha gongo lake kwenye mstari, na mwamuzi haukubali. Mwandishi anasema mapema kwamba hesabu yake ina upungufu. Lakini ni hesabu ya kiwanjani pekee anayoipunguza. Mtu aliyetawala mamilioni amechagua kujipima kwa mikimbio, na msomaji anayekipenda kitabu anajikuta amekikubali kipimo hicho.

Sasa tutazame kadi ya matokeo, karatasi ndogo inayouzwa langoni siku ya mechi. Katika Uingereza ya wakati ule, mchezaji wa ridhaa aliandikwa kwa herufi za kwanza za majina yake, kisha jina la ukoo. Mchezaji wa kulipwa aliandikwa jina la ukoo peke yake, au herufi zake zikawekwa nyuma. Inasimuliwa kwamba katika uwanja wa Lord's palitolewa tangazo kusahihisha kadi: kijana Fred Titmus, mchezaji wa kulipwa, herufi zake zilikuwa zimechapwa mbele, na watazamaji wakaambiwa wazirudishe nyuma. Mpira haukubadilika, wala mkono wa Titmus. Kilichorekebishwa ni mahali pa herufi mbili, kwa sababu mahali pale ndipo palipotangaza nani bwana na nani mfanyakazi.

Na Harris? Mbele ya jina lake palikuwa na neno zima: Lord. Neno hili lina historia yake. Babu wa baba yake, Jenerali George Harris, aliongoza jeshi lililoiteka Seringapatam mwaka 1799, siku aliyouawa mtawala wake, Tipu Sultan. Mwaka 1815 alipewa ubwana, na cheo hicho kikabeba majina ya Seringapatam na Mysore. Kwa hiyo kila Harris alipoingia uwanjani Kent na kadi ikasema Lord Harris, vita vya India viliingia pamoja naye. Ule mfuatano wa kucheza kisha kutawala haukuwa mfuatano. Utawala ulikuwa umetangulia, umekaa mbele ya jina.

Huku kwetu Kenya umbo hilohilo lilipata kadi yake. Kuanzia mwaka 1910 ilichezwa mechi ya Maafisa dhidi ya Walowezi. Usome huo mpangilio: "dhidi ya" inaahidi pande mbili za nchi, ilhali pande zote mbili ni Wazungu. Waasia walisubiri hadi 1933 ndipo ikaanza mechi ya Wazungu dhidi ya Waasia. Mwafrika hakuwa na upande. Aliyekata nyasi na kuburura mtambo wa kusawazisha kiwanja, kadi haikumpa mstari.

Hapo ndipo Kiswahili kinapotusaidia. Sisi tunasema mchezaji wa ridhaa, kwa maana ya asiyelipwa, anayecheza kwa kupenda. Lakini ridhaa kwanza ni kukubali. Afisa alicheza Jumamosi kwa ridhaa yake. Jumatatu alikuwa mtu wa mshahara, na kuanzia 1901 serikali yake ilitoza kodi ya kibanda. Mwenye kibanda hakuombwa ridhaa. Wasifu unalitumia neno hilo kwa mtu mmoja, nalo linawastahili watu wawili.

Tofauti ya ridhaa na kulipwa ilifutwa Uingereza mwishoni mwa 1962, mwaka mmoja kabla ya Kenya kupata uhuru. Herufi zikakaa pamoja. Ile sentensi ya wasifu haikuguswa, bado inaandikwa hivyo hivyo.

Mimi ningeanza kuisahihisha kwa karatasi nyingine, ya mwaka uleule wa 1890 alioingia Harris madarakani. Wahindi wa Bombay walikuwa na uwanja wa wazi wa kuchezea kriketi, na farasi wa polo wa Wazungu walikuwa wakiuchimba kwa kwato. Wachezaji wale waliandika ombi kwamba polo ihamishwe. Walitia sahihi zaidi ya watu 1,000. Gavana mwanakriketi, aliyeipenda nyasi laini maisha yake yote, alilikataa.

Ombi lile nalo ni orodha ya majina, kama kadi. Tofauti ni kwamba halimpangi mtu mbele wala nyuma, na kila aliyemo ameliandika jina lake kwa mkono wake. Ukitafuta ridhaa katika maisha ya Lord Harris, itafute humo: watu zaidi ya 1,000 waliosema, kwa maandishi, kwamba hawakuitoa.