Jinsi Oscar Wilde Alivyouzwa Hadi Texas

Juni 1882 Oscar Wilde alihutubia Galveston, San Antonio na Houston. Kijana wa miaka 27, mwenye diwani moja tu ya maana, aliuzaje tiketi mbali hivyo na London?

Wanahistoria wa sanaa humtaja miongoni mwa vinara wa dekadensi, mkondo wa mwisho wa karne ya 19 uliotukuza uzuri hata ulipoanza kunuka uozo. Wengi wao huanza na mavazi yake. Mimi naanza na biashara.

Mwenye biashara alikuwa Richard D'Oyly Carte. Opereta yake *Patience* iliwadhihaki washairi wa aina ya Wilde, na ilipofika New York Septemba 1881, Wamarekani waliucheka mzaha ambao mlengwa wake hawajapata kumwona. Basi ofisi ya Carte huko, chini ya W. F. Morse, ikamleta mlengwa mwenyewe. Opereta ikamtangaza Wilde, Wilde akaitangaza opereta, na Carte akavuna pande zote mbili. Ujanja huu bado sijaona wa kuupita.

Hatua ya pili ilikuwa picha. Januari 1882, studio ya Napoleon Sarony mjini New York ilimpiga Wilde akiwa na koti la mahameli, soksi za hariri na suruali iliyokomea magotini. Picha hizo ziliuzwa madukani, watu wakamjua sura kabla hajashuka kwenye treni.

Mhadhara ndio uliotaka kumwangusha. Ule wa kwanza, kuhusu mwamko wa sanaa Uingereza, ulikuwa mrefu na wa nadharia, tena magazeti yaliuchapa karibu wote. Nani atalipia alichokwisha kukisoma? Akaandika mingine juu ya sanaa ya mapambo na uzuri wa nyumba: samani, rangi za kuta, heshima ya fundi wa mkono. Hapo akawa na bidhaa. Boston, wanafunzi wa Harvard walipoingia ukumbini wamevaa kama yeye na kushika alizeti, alitokea kwa suti ya kawaida ya jioni. Aliyeonekana kituko hakuwa yeye.

Ziara ya miezi michache ikawa ya karibu mwaka mzima, mihadhara ipatayo 140.

Picha nazo zilizaa kesi. Kampuni ya Burrow-Giles ilichapa nakala 85,000 za picha moja bila idhini, Sarony akashtaki. Mwaka 1884 Mahakama Kuu ya Marekani iliamua kwamba mpiga picha aliyepanga mkao, mavazi na mwanga ni mtunzi, na kazi yake ina hakimiliki. Mpiga picha wa harusi pale Texas leo, picha zake zikitumiwa na mtu bila ruhusa, anadai haki yake juu ya msingi huo.