Adimu kwa Nani? Matoleo Yenye Picha ya Alice na Nafasi ya Elisi katika Nchi ya Ajabu

Ikisiri

Kitabu cha Lewis Carroll kuhusu safari za Alice ni miongoni mwa vitabu vya watoto vinavyotafutwa sana na wakusanyaji wa matoleo adimu na yenye picha. Makala haya yanachunguza vigezo ambavyo wakusanyaji hao huvitumia kupima thamani ya toleo, kisha yanavilinganisha na hali ya tafsiri mbili za Kiswahili: Elisi katika Nchi ya Ajabu (1940) na Alisi Ndani ya Nchi ya Ajabu (2015). Hoja kuu ni kwamba uadimu wa kitabu cha mtoto mara nyingi ni ushahidi wa namna kilivyotumika, na kwamba uhakiki wa tafsiri za Kiswahili hautakamilika iwapo utaisoma matini na kuwaachia wakusanyaji picha.

1. Utangulizi

Tarehe 4 Julai 1862, Charles Dodgson, mhadhiri wa hisabati wa Christ Church, Oxford, aliwasimulia mabinti watatu wa familia ya Liddell hadithi wakiwa mashuani. Mmoja wao, Alice, aliomba aandikiwe hadithi hiyo. Mwezi Novemba 1864 alikabidhiwa muswada ulioandikwa kwa mkono, wenye michoro 37 ya Dodgson mwenyewe. Mwaka uliofuata hadithi ilipanuliwa na kuchapishwa na Macmillan, London, kwa jina la uandishi la Lewis Carroll, ikiwa na michoro 42 ya John Tenniel iliyochongwa katika mbao na ndugu wa Dalziel.

Tangu hapo kitabu hiki kimekuwa na maisha mawili. Maisha ya kwanza ni ya usomaji: kimetafsiriwa na kusomwa katika lugha nyingi. Maisha ya pili ni ya ukusanyaji: nakala zake hutafutwa, huorodheshwa na kuuzwa mnadani. Wahakiki wa fasihi wameyazingatia zaidi maisha ya kwanza, na kuyachukulia ya pili kuwa shughuli ya wenye fedha na nafasi. Mgawanyo huo una hasara, hasa kwa fasihi ya watoto ya Kiswahili, ambayo kumbukumbu zake za kimaandishi ni chache na zimetawanyika.

2. Kasoro iliyogeuka hazina

Toleo linalotafutwa kuliko yote ni lile la 1865. Nakala 2,000 zilichapwa na Clarendon Press, Oxford. Tenniel hakuridhika na namna michoro yake ilivyotokea katika karatasi, na Carroll akakubali toleo lirudishwe. Kitabu kilichapwa upya na Richard Clay, kikawa tayari Novemba 1865, ingawa ukurasa wake wa jina unabeba mwaka 1866. Karatasi zilizobaki za uchapaji wa kwanza ziliuzwa kwa kampuni ya D. Appleton ya New York, nazo zikatoka huko mwaka 1866 zikiwa na ukurasa mpya wa jina. Nakala ambazo Carroll alirudishiwa alizigawa katika hospitali za watoto. Leo, nakala za 1865 zinazojulikana kuwapo zinazidi ishirini kwa chache tu.

Tukio hili linafichua mantiki ya ukusanyaji. Kitu ambacho msanii alikikataa kwa ubovu ndicho kilichogeuka hazina, na wasomaji wake wa mwanzo ni pamoja na watoto wagonjwa waliopewa vitabu ambavyo soko halikuvitaka. Thamani yake ya leo haitokani na ubora wa picha, wala na ubora wa matini, ambayo ni ileile inayopatikana kwa bei ndogo popote. Inatokana na kutoweka kwa nakala nyingine. Aidha, mkusanyaji huipenda zaidi nakala safi, isiyo na alama ya kidole wala karatasi iliyochanika. Kwa maneno mengine, katika vitabu vya watoto nakala inayothaminiwa zaidi ni ile ambayo mtoto hakuigusa sana. Kigezo hicho kinamfaa mlinzi wa kitu. Kwa mhakiki anayetaka kujua kitabu kilifanya nini mikononi mwa wasomaji wake, kinafuta ushahidi anaouhitaji.

Muswada wa awali nao ulipita njia hiyo. Alice, akiwa mjane, aliuuza mwaka 1928 katika mnada wa Sotheby's kwa pauni 15,400, nao ukaenda Marekani. Mwaka 1948 kundi la Wamarekani liliurudisha Uingereza kama zawadi, na sasa umo katika British Library. Zawadi iliyoandikwa kwa ajili ya msomaji mmoja ikawa mali ya taifa.

3. Picha kama sehemu ya matini

Je, picha za kitabu hiki ni pambo? Matini yenyewe inakataa. Tangu aya ya kwanza, Alice anatilia shaka faida ya kitabu kisicho na picha wala mazungumzo. Katika sura ya tisa, msimulizi anamwambia msomaji asiyemjua Grifoni aitazame picha. Katika sura ya kumi na moja, anayetaka kujua mfalme alivyovaa taji juu ya wigi ya hakimu anaelekezwa kwenye picha iliyo mwanzoni mwa kitabu. Hapa maelezo ya maneno yameachwa kwa makusudi, na picha imebebeshwa kazi ya usimulizi. Tafsiri yoyote inayoihifadhi kauli hiyo inawajibika kwa picha inayoelekezewa. Picha ikibadilika, maana ya sentensi hubadilika ingawa neno halikuguswa.

Jambo hili linadhoofisha dhana ya wakusanyaji kwamba kuna picha ya asili na nyingine ni nyongeza. Alice wa Tenniel ana nywele ndefu za rangi ya dhahabu, ilhali Alice Liddell alikuwa na nywele nyeusi fupi. Picha ya kwanza iliyochapishwa ilikwisha kumwacha mtoto aliyesimuliwa hadithi. Carroll mwenyewe aliendelea kuibadili: The Nursery Alice ya 1890, iliyokusudiwa watoto wadogo, ilichukua michoro 20 ya Tenniel ikatiwa rangi na kuandikiwa maelezo mapya. Hakimiliki ilipokwisha nchini Uingereza mwaka 1907, wachoraji wengi walijitokeza, akiwamo Arthur Rackham. Baadaye Tove Jansson alimchora Alice kwa toleo la Kiswidi la 1966, na Salvador Dalí kwa toleo la kifahari la 1969. Kila mmoja alimpa Alice uso mwingine. Historia ya kitabu hiki, basi, ni historia ya uso unaobadilika.

4. Uso wa Elisi

Ni katika historia hiyo ambapo Elisi katika Nchi ya Ajabu inapaswa kuwekwa. Tafsiri hiyo ya E. V. St Lo Conan-Davies ilichapishwa London mwaka 1940 na Sheldon Press, jina la uchapishaji la shirika la Kianglikana la SPCK. Ilitoka katika kipindi ambacho Kamati ya Lugha ya Afrika Mashariki, iliyoundwa mwaka 1930, ilikuwa ikisimamia Kiswahili sanifu na vitabu vya shule. Ilifuata mkondo wa tafsiri kama Kisiwa chenye Hazina, Mashimo ya Mfalme Sulemani na Safari za Gulliver, ambazo zilimpa mwanafunzi wa Afrika Mashariki hadithi za Kiingereza kama mazoezi ya kusoma lugha yake mwenyewe.

Wakusanyaji wanaitambua tafsiri hii hasa kwa picha zake. Zinafuata mpangilio wa Tenniel, lakini Elisi amechorwa akiwa msichana wa Kiafrika. Katika orodha za matoleo, sifa hiyo hutajwa kama jambo la kuvutia, na maelezo huishia hapo. Mhakiki hawezi kuishia hapo. Kwa upande mmoja, picha hizo zinamwambia mtoto wa Kiafrika kwamba udadisi, ukaidi na ujasiri wa kumjibu malkia ni haki yake pia. Kwa mwaka 1940, hilo si jambo dogo. Kwa upande mwingine, uso umebadilishwa na mahali pake pakaachwa vilevile: msichana mwenyeji amesimamishwa katika nafasi iliyopangwa kwa ajili ya mwingine, katikati ya viumbe na vyeo vya Kiingereza. Ujanibishaji wa aina hii unabadili sura ya msafiri bila kuibadili safari. Kwa hiyo ni haraka mno kuusifu kama ukombozi, na ni haraka vilevile kuukejeli kama hila ya kikoloni.

Jina la kitabu nalo linasaidia kuiona mivutano hiyo. Umbo Elisi linafuata zaidi sikio, yaani namna jina la Kiingereza linavyosikika. Umbo Alisi la 2015 linafuata zaidi herufi. Kihusishi katika kinataja mahali kwa ujumla. Ndani ya kinasisitiza kuzingirwa, jambo linaloafiki hadithi inayoanza kwa kutumbukia shimoni. Lakini matoleo yote mawili yanakutana katika nchi ya ajabu. Neno ajabu linabeba mwangwi wa hekaya ambazo msomaji wa pwani amezizoea, zikiwamo za Alfu Lela Ulela. Kwa jina hilo, Elisi aliingia katika rafu ambayo tayari ilikuwa na majini, wafalme na wanyama wasemao. Hili halionekani kwa mkusanyaji asiyejua Kiswahili, ingawa limeandikwa juu ya jalada.

5. Lugha ya mwenyeji, uso wa mgeni

Alisi Ndani ya Nchi ya Ajabu, tafsiri ya Ida Hadjivayanis, ilichapishwa mwaka 2015 na Evertype, mchapishaji aliyejitolea kuitoa hadithi hii katika lugha nyingi. Toleo hili limerejesha michoro ya Tenniel. Ulinganisho wa matoleo haya mawili unaleta matokeo yasiyotarajiwa. Mwaka 1940, mtafsiri alikuwa mgeni wa lugha na picha zikawa na uso wa mwenyeji. Mwaka 2015, mtafsiri ni mtu aliyekulia katika Kiswahili na picha zina uso wa mgeni. Kati ya matoleo haya mawili, hakuna hata moja ambamo sauti na uso vyote viwili vimetoka kwa wenyeji.

Kurejeshwa kwa Tenniel kuna sababu zinazoeleweka. Michoro hiyo haina tena hakimiliki, na inaliunganisha toleo la Kiswahili na matoleo mengine ya mfululizo huohuo. Lakini swali la msomaji linabaki. Mfululizo unaoziweka lugha nyingi chini ya picha zilezile unamfaa sana mkusanyaji, ambaye furaha yake ni kuona kitu kimoja kikijirudia kwa tofauti ndogo. Mtoto wa Tanga au Lamu hasomi mfululizo. Anasoma kitabu kimoja, na humo anamwona Alisi akisema kama shangazi yake huku akifanana na mtu asiyemjua.

6. Mkusanyaji na mhakiki

Isieleweke kwamba wakusanyaji ni wa kulaumiwa. Warren Weaver, mwanahisabati wa Kimarekani, alikusanya tafsiri za Alice na mwaka 1964 akachapisha utafiti wake, Alice in Many Tongues. Nusu karne baadaye, Jon Lindseth na Alan Tannenbaum walihariri juzuu tatu za Alice in a World of Wonderlands (2015), zinazohusu tafsiri katika lugha na lahaja 174. Bila juhudi hizo, matoleo mengi yasingekuwa hata na kumbukumbu ya kuwapo kwake.

Hata hivyo, mbinu yao ina mpaka. Sehemu ya karamu ya chai hurudishwa katika Kiingereza ili kumwonyesha msomaji wa Kiingereza alichofanya mtafsiri. Njia hiyo inapima kilichohifadhiwa na kilichopotea. Haiwezi kupima kilichozaliwa: utani ambao Kiswahili kinaumudu na Kiingereza hakiumudu, au mwangwi wa ajabu uliotajwa hapo juu. Mchezo wa Carroll kati ya hadithi ya panya na mkia wake unategemea sauti za Kiingereza; Kiswahili hakina ulinganifu huo kati ya kisa na mkia, lakini kina michezo yake. Kazi ya kuitafuta ni ya mhakiki wa Kiswahili, wala haiwezi kuachiwa orodha ya mkusanyaji.

Kuna pia suala la mahali. Kwa kuwa Elisi ilichapishwa London, sheria ya hakimiliki ya Uingereza ya 1911 ilimtaka mchapishaji aiwasilishe nakala katika maktaba ya British Museum. Nakala ya kuhifadhiwa ilitakiwa kubaki London; nakala za kusomwa ndizo zilizokusudiwa Afrika Mashariki, kwa mikono ya watoto, mvua na mchwa. Uadimu wa kitabu kama hiki huku kwetu haupaswi kusomwa kama dalili kwamba hakikupendwa. Kitabu cha shule huisha kwa kusomwa, kama kanga ichakaavyo kwa kuvaliwa.

7. Hitimisho

Mapendekezo mawili yanatokana na mjadala huu. Kwanza, mhakiki wa tafsiri ya Kiswahili abainishe toleo analolisoma, mchoraji wake anapojulikana, na picha zake, kwa sababu matini ya Alice haikamiliki bila hizo. Pili, maktaba za Afrika Mashariki zikusanye vitabu vya watoto vya Kiswahili kwa kigezo kilicho kinyume cha kile cha mnada: nakala yenye jina la mwanafunzi, muhuri wa shule na kurasa zilizolegea ipewe nafasi ya kwanza. Nakala safi hueleza kilichochapishwa. Nakala iliyochakaa hueleza kilichosomwa, na historia ya fasihi ya watoto ya Kiswahili inaihitaji kabla haijamalizwa na mchwa.