Mkanda Usiookotwa: Nick Hughes, Utisho na Masikio ya Ngara

Filamu za kutisha zinazojengwa juu ya mkanda wa kuokotwa zina kanuni moja kuu: aliyeshika kamera hayupo tena kuulizwa. Katika The Blair Witch Project (1999), Daniel Myrick na Eduardo Sánchez wanatutaka tuamini kwamba wanafunzi watatu walipotea msituni nchini Marekani Oktoba 1994, na kwamba tunachotazama ni mikanda yao iliyopatikana mwaka mmoja baadaye. Kitenzi ‘kuokota’ kinabeba mzigo mkubwa hapa. Kinachookotwa hakina mwenyewe.

Miezi sita kabla ya tarehe hiyo ya kubuni, yaani Aprili 1994, Mwingereza Nick Hughes alirekodi kwa mbali, kutoka juu ya shule ya Kifaransa mjini Kigali, wanawake wakiuawa barabarani. Picha hizo zimekatwa na kuunganishwa upya katika filamu nyingi za hali halisi, kana kwamba ziliokotwa. Hazikuokotwa. Mwenyewe alikwenda Arusha kutoa ushahidi mbele ya Mahakama ya Kimataifa ya Mauaji ya Kimbari ya Rwanda, na mkanda wake ukawa kielelezo.

Wahakiki wa picha hupita haraka mno juu ya ukimya wa mkanda huo. Mwanamke anaonekana amepiga magoti akisihi, anachosema hakisikiki. Ngara mambo yalikuwa kinyume. Watu wapatao 250,000 walipovuka daraja la Rusumo kwa takriban siku moja, tarehe 28 na 29 Aprili, wenyeji hawakuwa wameona mauaji ya Kigali, ila waliweza kuyasikia yakisimuliwa na kuyaelewa bila mkalimani. Kihangaza, pamoja na Kishubi kinachofika hadi Biharamulo, ni ndugu wa karibu wa Kinyarwanda na Kirundi. Hata hivyo, tusiyatukuze masikio hayo. Miongoni mwa waliovuka walikuwamo waliokimbia vita na walioua. Kauli ya kutendwa, iliyomo katika lugha zote hizi, humwezesha msimulizi kusema ‘waliuawa’ na kunyamaza juu ya mtenda. Sarufi hapo hufanya kile kile ambacho mkanda wa kuokotwa huifanyia kamera.

Katika 100 Days (2001), aliyoitengeneza pamoja na mtayarishaji Eric Kabera, Hughes anausogelea ukimya ule. Anapiga picha Rwanda kwenyewe, na baadhi ya waigizaji wake ni manusura. Kwa hilo anastahili heshima. Lakini wahusika wanazungumza Kiingereza kwa sehemu kubwa, na huu, kwangu, ndio upungufu mzito kuliko yote. Najua filamu huru yenye fedha kidogo hutafuta soko la nje. Sababu hiyo naielewa, siikubali. Msikilizaji wa Ngara anangoja neno kama ‘mumbabarire’, ambalo angelitambua kabla hata ya kulifikiri. Anapewa ombi katika lugha ambayo wanawake wale, wakiwa wamepiga magoti mbele ya wauaji wao, hawakuwa na sababu ya kuitumia.