Ngao ya Achilles: Madini, Wakati na Kitenzi

Katika kitabu cha 18 cha Iliad, utendi ambao mapokeo ya Wagiriki humnasibishia Homer, mhunzi Hephaestus anamfulia Achilles ngao. Maelezo ya ngao hiyo yanachukua mishororo ipatayo 130. Ni kazi ya sanaa ambayo haikuwahi kuwako isipokuwa katika maneno, lakini imehakikiwa mara nyingi kana kwamba imetundikwa ukutani. Alexander Pope, alipoifasiri Iliad kwa Kiingereza (1715-1720), aliifanyia ngao hii makala yake mahsusi pamoja na mchoro. Mwaka 1821 ngao iliyobuniwa na John Flaxman, ya fedha iliyopakwa dhahabu, iliwekwa katika karamu ya kutawazwa kwa Mfalme George IV wa Uingereza. Kazi hizo zina uzuri wake. Jambo lenyewe, hata hivyo, zimelikosa.

Madini ya ngao hayana siri. Homer anayataja kwa majina: shaba, bati, dhahabu na fedha. Uajabu wa karakana uko katika mivukuto 20 inayovuma kwa kuamriwa tu, na katika wajakazi wa dhahabu wenye akili na sauti. Madini yenyewe ni yale yale ambayo mhunzi yeyote angeyajua. Lakini yakishapita motoni yanatenda yasiyotendeka. Wakulima wanaligeuza shamba la dhahabu, nalo linakuwa jeusi nyuma yao mfano wa udongo uliolimwa. Mtunzi mwenyewe anatua hapo na kukiri kuwa ni ajabu. Kila wafikapo mwisho wa shamba hupewa kikombe cha divai, kisha hugeuza wanyama wao na kurudi. Je, mhunzi amewachora wakienda au wakirudi? Katika shamba la mizabibu mvulana anapiga kinubi na kuimba kwa sauti nyembamba. Mbwa 9 wanawabwekea simba waliomkamata fahali, wala hawathubutu kuuma. Wachungaji wawili wanapiga filimbi bila kujua kwamba wanaviziwa, na baada ya mishororo michache wamekwisha kuuawa. Metali ipi huchukua sauti? Na sahani ipi humwonyesha mtu mmoja akiwa hai na akiwa maiti mahali pamoja?

Jibu mashuhuri ni la Gotthold Ephraim Lessing katika Laokoon (1766). Kwa rai yake, uchoraji ni sanaa ya mahali na ushairi ni sanaa ya wakati. Kwa hiyo Homer haelezi ngao iliyokwisha, bali ngao inayofuliwa. Jibu hili ni la kweli, ila ni nusu. Linaeleza wakati wa nyundo, halielezi wakati wa jembe. Hephaestus huhama kutoka onyesho moja hadi jingine, na kila mara kitenzi cha kufua au kutia hurudi ili kufungua onyesho jipya. Ndani ya onyesho, vitenzi vya Kigiriki aghalabu hugeuka kuwa vya wakati uliopita usiotimia: watu walikuwa wakilima, wakicheza, wakigombana. Pana nyakati mbili, na moja imo tumboni mwa nyingine.

Hapa mwanafunzi wa Kiswahili ana la kusema, maana lugha yake imezitenga nyakati hizo kwa viambishi. Mfasiri akiandika "wakalima, wakageuka, wakanywa", amesimulia hadithi na ngao imepotea. Akiandika "wanalima", amesimama mbele ya picha na mhunzi ametoweka. "Hulima" inawatoa wakulima motoni kabisa na kuwafanya desturi. Yaelekea njia iliyo karibu zaidi na Homer ni hii: "Akatia shamba humo, wakulima wakiligeuza." Kiambishi -ka- cha mhunzi kinasonga mbele, -ki- cha wakulima kinabaki wazi, hakina mwanzo wala mwisho wake. Isidhaniwe, hata hivyo, kuwa kanuni moja itafaa ngao nzima. Shambulio la wachungaji lahitaji -ka-, kwani mauaji yale yanatimia. Shauri la sokoni halitimii. Watu wawili wanagombania dia ya mtu aliyeuawa, wazee wamekaa juu ya mawe, na talanta mbili za dhahabu zimewekwa katikati kwa yule atakayehukumu vyema kuliko wote. Hukumu haisemwi. Mfasiri atakayewapa hukumu ili wasomaji wake waridhike atakuwa ameharibu onyesho.

Suala hili si la sarufi peke yake. Kabla ya kushika nyundo Hephaestus anamwambia Thetis, mama yake Achilles, kwamba laiti angeweza kumficha mwanawe na mauti kama anavyoweza kumpa silaha nzuri. Hawezi. Achilles amekwisha kuambiwa na mama yake kuwa kifo chake kitafuata kile cha Hector bila kukawia. Basi arusi ile, mavuno yale, ngoma ile ya vijana walioshikana mikono, ndiyo maisha asiyoyapata, naye anayabeba mkononi. Wakiandikiwa "wakacheza", wachezaji nao wamekwisha, na tofauti kati yao na mbebaji wao imefutika. Katika Al-Inkishafi mambo ni kinyume: majumba ya Pate yalijaa watu na taa, kisha vidaka vya kaure vikawa viota vya ndege. Huko wakati unavila vitu. Katika ngao vitu havilikwi, analiwa anayevitazama.

Silaha zinapoletwa, katika kitabu cha 19, Wamyrmidon wanatetemeka wasithubutu kuzitazama. Achilles peke yake ndiye anayezitazama, na kadiri atazamavyo ndivyo ghadhabu yake inavyozidi. Baada ya hapo michoro haisimuliwi tena. Katika kitabu cha 20 mkuki wa Aeneas unapenya matabaka mawili na kuzuiwa na tabaka la dhahabu. Mtunzi anayahesabu matabaka yote 5, ya shaba, ya bati na lile la dhahabu, na hamtaji mkulima wala mvunaji.