Yatima wa Asia: Kitabu cha Mwalimu wa Taiwan

Mwaka wa 1895 Uchina ilishindwa vitani, ikakitoa kisiwa cha Taiwan mikononi mwa Japani, wala wenyeji hawakuulizwa. Wajapani wakakitawala miaka 50. Habari ya watu hao aliiandika Wu Zhuoliu, aliyekuwa mwalimu wa shule miaka mingi, katika hadithi iitwayo Yatima wa Asia. Aliiandika kwa siri tangu 1943 hata 1945, nyumba yake ikielekeana na nyumba za polisi. Akiisha kurasa chache, huzificha chini ya makaa jikoni.

Taiming, mwenye kisa, ni mwalimu pia. Babu yake alimtia katika elimu ya kale ya Kichina. Serikali ikampa ya Kijapani. Shuleni hafanywi sawa na walimu wa Kijapani. Anakwenda Uchina kutafuta kwao. Huko anafungwa, akidhaniwa kuwa mpelelezi wa Japani. Akirudi kisiwani, Wajapani nao wanamshuku. Mwisho ndugu yake anakufa kwa kazi ya shokoa ya vita, na akili za Taiming zinaharibika.

Wako wasemao kwamba Taiming ni mlegevu, asitaye katika kila njia panda. Ni kweli, tena mabishano marefu ya kitabu huchosha. Lakini mimi naona kusita kwake ndiko ushuhuda wenyewe. Tangu 1937 Wataiwan walihimizwa kunena Kijapani na kuinama mbele ya mahekalu ya Kijapani. Tangu 1940 walihimizwa hata wabadili majina. Zaidi ya watu 200,000 walitumika katika majeshi ya Japani, wapata 30,000 wakafa. Vita vilipokwisha, Japani iliwahesabu kuwa wageni, ikawanyima pensheni waliyopewa askari wa Kijapani. Serikali ya Kichina nayo, iliyokipokea kisiwa mwaka wa 1945, iliwaona kuwa wametiwa utumwa na Wajapani. Na mwaka wa 1947 askari wake wakaua maelfu yao.

Husemwa, mtoto umleavyo ndivyo akuavyo. Hawa walilelewa na wawili, wakakanwa na wote wawili. Je, mtu wa namna hiyo angeshika njia gani bila kusita?

Basi atakaye kuwahukumu wazee wa Taiwan kwa sare waliyovaa, na akisome kwanza kitabu hiki mpaka ukurasa wa mwisho.